Kaka amenyimwa ruhusa ya kwenda kumuona mama. Jaji anaweza kumtoa?

"Wakili, shikamoo. Kaka yangu anatumikia kifungo cha miaka tisa katika gereza moja hapa Pwani kwa kesi ya kujeruhi. Alikamatwa Juni 2020, hakupata dhamana, akahukumiwa Lamu Februari 2021. Nidhamu yake ni nzuri na anafanya kazi karakana ya useremala. Mama yetu yuko Kizingitini, kisiwa cha Pate. Amekatwa mguu kwa sababu ya sukari na safari ya mashua haiwezi tena. Januari mwaka huu wa 2026 kaka aliandika barua kuomba paroli ya siku 14 aje amuone. Baada ya wiki mbili aliitwa ofisini akaambiwa kwa mdomo imekataliwa: muda wake haujafika mpaka Agosti, na tena 'nyinyi watu wa visiwani mkishapanda mashua hamrudi'. Hakupewa karatasi yoyote. Kuna bwana mmoja huwa anakaa nje ya mahakama, ameniambia nimpe 30,000 afungue JR na jaji atamtoa kaka ndani ya wiki moja. Binamu yangu naye anasema uamuzi wa magereza haupelekwi mahakamani hata kidogo. Nimsikize nani?"

Marahaba, mwanangu. Poleni sana kwa maradhi ya mama.

Usimsikize yeyote kati ya hao wawili. Binamu yako amekosea nusu ya jambo, bwana wa nje ya mahakama amekosea nusu ya pili, ila kosa la huyu wa pili lina bei. Swali lako nalisoma hivi: mfungwa akinyimwa ruhusa ya kwenda nyumbani kwa muda, mlango wa mahakama uko wazi kwake? Ndiyo, uko wazi. Na akishaingia, jaji atamfungulia geti la jela aende kwao? Hapana, karibu kila mara hapana. Halafu kuna swali ambalo hukuuliza, na mimi naliona kubwa kuliko hayo yote: hiyo Agosti imetoka wapi? Nitalifikia.

Nianze na binamu, maana fikra yake wanayo wengi, hata waliosoma. Zamani mtu akishaingia ndani, ya kule yalikuwa baina yake na askari jela. Wazee wa Lamu wanaoikumbuka ngome ya pale Mkunguni ilipokuwa jela, tangu 1910 hadi 1984, watakuambia sauti ya ndani haikuwa ikivuka ukuta ule. Katiba ya 2010 ilibadilisha hilo. Ibara ya 51 inasema aliyefungwa anabaki na haki zake zote, isipokuwa zile ambazo haziwezi kabisa kwenda pamoja na kufungwa kwake. Ibara ya 47 inampa kila mtu haki ya kufanyiwa maamuzi ya kiserikali bila kucheleweshwa, kwa kufuata sheria, kwa busara na kwa utaratibu wa haki, na haki yake ikiguswa vibaya apewe sababu kwa maandishi. Mwaka 2015 Bunge likatunga sheria nzima ya kuipa nguvu ibara hiyo. Ofisi ya magereza haikuachwa nje ya sheria hiyo. Ikimwambia mfungwa "hapana", hiyo ni hatua ya kiutawala kama ilivyo hatua ya kaunti kumnyima mtu leseni.

Sasa huyu bwana wa 30,000. JR anayoitaja ni kifupi cha judicial review, yaani mapitio ya mahakama: jaji anaupitia uamuzi wa ofisi ya serikali. Kazi yake watu huielewa vibaya. Umewahi kumuona ofisa wa vipimo akiingia soko la samaki? Hampangii mchuuzi bei ya changu. Anaangalia mizani: imepigwa muhuri, mawe ni halali, sahani haikubandikwa kitu kwa chini. Mizani ikiwa mbovu anaikamata, na mchuuzi itabidi apime upya kwa mizani ya haki. Jaji wa mapitio hufanya kazi ya namna hiyo. Anauliza aliyeamua alikuwa na mamlaka, alifuata utaratibu unaotakiwa, alimsikiliza muombaji, alipima yanayohusika na kuyaacha yasiyohusika, na uamuzi wake una uzito unaolingana na sababu zake. Akikuta kasoro anaufuta uamuzi na kuurudisha ukafanywe upya. Mahakama ya Rufaa ililisema hili waziwazi mwaka 1997 katika kesi ya Baraza la Mitihani: amri ya kumlazimisha ofisa atimize wajibu wake inaweza kumwambia "amua", lakini pale sheria ilipompa hiari haimwambii "amua hivi".

Ni kweli uwanja umepanuka. Mwaka 2023 Mahakama ya Juu ilisema kwamba mtu akija na ombi la kikatiba linalodai haki zake zimevunjwa, jaji hatakiwi kuishia kwenye utaratibu peke yake, anaweza kuingia pia katika kiini cha uamuzi. Mawakili tulifurahi, na tuna haki ya kufurahi. Hata hivyo mimi nisingemwahidi mteja kwamba jaji atakaa kwenye kiti cha Kamishna wa Magereza na kusaini ruhusa ya siku 14. Anayekuahidi hivyo, tena kwa wiki moja, anakuuzia upepo.

Tuje kwenye ruhusa yenyewe. Kifungu cha 49 cha Sheria ya Magereza, Sura ya 90, kinasema mfungwa anayetumikia miaka minne au zaidi, akiwa ndani ya miezi sita ya mwisho kabla ya tarehe yake ya kuachiliwa, anaweza kuruhusiwa na Kamishna kuwa nje ya gereza kwa paroli, kwa muda na kwa masharti ambayo Kamishna ataweka, na Kamishna anaweza kumrudisha ndani wakati wowote. Basi, ni hayo tu. Watu wengi hapa Pwani wana jamaa Tanga au Dar es Salaam, wamesikia habari za Bodi za Parole, wakadhani na sisi tuna bodi inayokaa kikao kuamua. Hizo ni za Tanzania, kwa sheria yao ya 1994. Kwetu sheria imemtaja mtu mmoja, Kamishna Jenerali wa Magereza, ambaye ofisi yake iko Nairobi.

Hapo ndipo nataka ukae kidogo. Nani alimkatalia kaka yako?

Umeniandikia "aliitwa ofisini akaambiwa". Hukuniambia na nani, na pengine kaka mwenyewe hajui zaidi ya kwamba alikuwa afande wa ofisini. Kama barua yake ilipelekwa Nairobi, Kamishna akaisoma na kuikataa, tuna uamuzi, mzuri au mbaya. Lakini kama barua haikutoka kwenye droo ya gereza, na afande aliikata mwenyewe kwa mdomo, basi ni wazi hakuna uamuzi uliofanywa na mwenye mamlaka, isipokuwa waonyeshe kwamba alikabidhiwa mamlaka hayo kisheria. Katika sheria ile ya 2015 hii ni hoja ya mwanzo kabisa: aliyeamua hakuwa na uwezo wa kuamua. Na upande wa pili wa hoja hiyo ni kwamba aliyekuwa na uwezo hajatimiza wajibu wake wa kuamua. Kwa maoni yangu, katika yote uliyoyaandika, hii ndiyo hoja yenye mfupa.

Nikuonyeshe inavyokuwa. Niliwahi kushika barua ya mfungwa, si wa gereza la kaka yako, iliyoandikwa kwa mkono kwenye karatasi ya daftari la mistari, ameomba ruhusa kama hiyo. Pembeni, juu, mtu alikuwa ameandika kwa kalamu nyekundu neno moja: "Haifai." Hapakuwa na saini wala tarehe wala cheo, na mhuri ulikuwa wa kupokea barua tu. Jaji aliinua ile karatasi akamuuliza wakili wa Serikali, "Hili ni neno la nani?" Wakili akageuka nyuma kumtazama ofisa aliyekuja naye, ofisa akatazama viatu vyake. Uamuzi ulifutwa siku ya hukumu bila taabu, ombi likarudishwa kwa Kamishna lifikiriwe upya. Wiki chache baadaye jibu likaja, safari hii kurasa mbili zenye sababu na saini: ombi limekataliwa. Tulishinda kesi na mteja akabaki ndani. Nakusimulia hili usije ukaniambia baadaye kwamba sikukuonya.

Haya, maneno ya "watu wa visiwani mkishapanda mashua hamrudi". Najua yamekuchoma, na mimi yamenichoma nikiyasoma. Kisheria yana maana. Hofu ya kutoroka ni jambo halali kabisa kupimwa, lakini linapimwa kwa mtu mwenyewe: rekodi yake, tabia yake gerezani, ana mizizi gani nyumbani. Kumpima mtu kwa kisiwa alichozaliwa ni kupima jambo lisilohusika, na kunagusa Ibara ya 27 inayokataza ubaguzi. Tatizo ni ushahidi. Wewe hukuwepo. Ukiapa kwamba "kaka aliniambia afande alisema", umeleta maneno ya kusikia. Hati ya kiapo juu ya jambo hili ni ya kaka, aeleze kwa maneno yake ni siku gani, ofisi gani, nani walikuwepo, nini kilisemwa neno kwa neno. Mwambie ayaandike sasa hivi kabla kumbukumbu haijachujuka, hata kama hatimaye hamtaenda mahakamani.

Na usijenge kesi nzima juu ya maneno hayo. Nimeona watu wakishikilia tusi wakaacha hoja.

Sasa Agosti. Kaka yako alihukumiwa miaka tisa. Kwa kifungu cha 46 cha Sheria ya Magereza, mfungwa mwenye bidii na nidhamu anapunguziwa theluthi moja ya kifungo, ile ambayo wenyewe ndani huiita rimisheni, na huandikiwa punguzo hilo lote tangu siku anapoingia. Anaweza kulipoteza kwa makosa ya nidhamu. Miaka tisa ukitoa mitatu inabaki sita. Ukianza kuhesabu siku ya hukumu, Februari 2021, unafika Februari 2027. Rudi nyuma miezi sita unapata Agosti 2026. Kwa hiyo afande hakuitoa Agosti hewani. Amehesabu, na hesabu yake ni sahihi kama mwanzo wake ni sahihi.

Lakini kaka yako alikamatwa Juni 2020 na hakupata dhamana. Alikaa rumande miezi minane. Kifungu cha 333(2) cha Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Jinai kinataka mahakama inapotoa kifungo izingatie muda ambao mshtakiwa alikuwa kizuizini kabla ya hukumu. Mara nyingi hakimu husema wazi kwamba kifungo kinaanza kuhesabiwa siku ya kukamatwa. Mara nyingine husahau, au anasema "nimezingatia muda wa rumande" bila kutaja tarehe, na karani anayeandika hati ya kifungo hujaza siku ya hukumu. Gereza halina uwezo wa kubadilisha. Lenyewe linafuata karatasi liliyoletewa.

Fanya hesabu upya ukianzia Juni 2020. Miaka sita inaisha Juni 2026. Miezi sita nyuma yake ni Desemba 2025. Maana yake, Januari alipoandika barua, mlango wa paroli ulikuwa umeshafunguka mwezi mmoja nyuma. Na kubwa kuliko hilo, maana yake pengine kaka anapaswa kurudi nyumbani moja kwa moja miezi michache ijayo, na ninyi mko mbioni kuomba siku 14.

Ndiyo maana nakuambia kabla ya kumpa mtu yeyote hata shilingi, tafuteni hati ya kifungo na nakala ya hukumu. Hukumu iko masjala ya mahakama iliyomhukumu, unaiomba kwa namba ya kesi. Hati ya kifungo imo kwenye jalada lake gerezani, na ofisa wa kumbukumbu anaweza kumsomea tarehe yake ya kutoka. Kama hakimu hakuhesabu rumande, dawa yake si mapitio ya uamuzi wa paroli. Dawa ni kuiomba Mahakama Kuu irekebishe hesabu ya kifungo, na kwa kesi iliyosikizwa Lamu, kwa kawaida hiyo ni Mahakama Kuu ya Garsen. Maombi ya namna hii ni mafupi, hayana mashahidi, na wafungwa wengi wameyaandika wenyewe kwa mkono na yakasikizwa. Kama ana rufaa ambayo bado haijaamuliwa, lazima itajwe, kwa sababu inabadilisha njia ya kupita. Na kama amepoteza sehemu ya rimisheni kwa kosa la nidhamu ambalo hakukwambia (kaka huwaficha dada zao mambo, tusidanganyane), hesabu yangu yote inasogea mbele.

Niseme pia kwa wasomaji wengine wenye ndugu wa vifungo vya maisha: njia hii haiwafikii. Aliyefungwa maisha hana tarehe ya kuachiliwa, kwa hiyo hana miezi sita ya mwisho, na kifungu cha 46 hakimpi theluthi. Mahakama ya Rufaa hapa hapa Malindi ilisema Julai 2023 kwamba kifungo cha maisha kisicho na kikomo kinakwenda kinyume na Katiba, ikakigeuza kuwa miaka 40 kwa mrufani yule, na watu wengi wakashika matumaini. Aprili 2025 Mahakama ya Juu iliutengua uamuzi huo. Kwao mlango uliobaki ni msamaha wa Rais kupitia kamati ya Ibara ya 133, na hilo ni jibu la siku nyingine.

Turudi kwako. Tuseme umeona hesabu, na bado mnataka kupambana na kukataliwa kule, kwa sababu mama hangoji mahakama. Kinachotangulia ni barua, si kesi. Sheria ya 2015 inataka kwanza upite njia za ndani kabla ya kwenda kwa jaji, isipokuwa kuna sababu ya pekee ya kusamehewa. Kaka aandike kwa Kamishna Jenerali kupitia mkuu wa gereza, nawe peleka nakala kwa mkono upate muhuri wa kupokelewa kwenye nakala yako. Asiandike kurasa sita za kulia. Aseme tarehe aliyoomba, tarehe aliyoambiwa imekataliwa, kwamba hakupewa maandishi, na aulize mambo haya: ni nani aliyeamua, lini, kwa sababu gani, na tarehe yake ya kuachiliwa imehesabiwa kuanzia siku gani. Asiyepewa sababu alizoomba kwa maandishi analindwa na sheria: mahakama inachukulia kwamba uamuzi ulifanywa bila sababu ya msingi, mpaka ofisi ithibitishe vinginevyo. Kimya chao kinakuwa silaha yako, lakini ni pale tu ukiwa na karatasi inayoonyesha uliuliza.

Wewe mwenyewe, kama raia, unaweza kuandika barua ya pili chini ya Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya 2016, ukiomba nyaraka za ombi lile. Barua hiyo inaruhusiwa kuwa ya Kiswahili, sheria yenyewe imesema hivyo. Kwa kawaida ofisi ina siku 21, lakini habari inayohusu uhai au uhuru wa mtu inatakiwa itolewe ndani ya saa 48. Andika waziwazi kwamba unayoomba inahusu uhuru wa mtu. Watabisha? Huenda. Ukikataliwa unaenda Tume ya Haki ya Utawala, ile tunayoiita ofisi ya Ombudsman, bila malipo.

Na hapa nakuomba ujiulize kama Kamishna. Ombi la kaka lilikuwa na nini ndani yake zaidi ya huzuni? Ombi zuri lina barua ya daktari inayosema hali ya mama na kwamba hawezi kusafiri, barua ya chifu kwamba familia inajulikana na nyumba ipo, jina la mtu mzima atakayempokea na kuwajibika, na ikiwezekana ripoti ya afisa wa probesheni. Usalama wa Lamu nao utapimwa, kisiwa cha Pate kiko mbali na barabara, na ofisi ikisema ina shida ya kumfuatilia mtu kule haisemi uongo. Mnaweza kuijibu hofu hiyo kabla haijaandikwa: ajitolee kuripoti kituo cha polisi kila siku, akae nyumba moja, safari yake ya kwenda na kurudi ipangwe tarehe.

Lakini kuna jambo hukunitajia, na ndilo ningelitazama mwanzo kama ningekuwa mimi wa kusaini. Aliyejeruhiwa anaishi wapi? Kama ni jirani wa hapo hapo Kizingitini, na ninyi na wao hamjasalimiana tangu 2020, basi nyuma ya maneno ya mashua huenda kuna hofu ya kweli ambayo afande hakuisema vizuri. Watumeni wazee. Kama watu wa upande ule wako tayari kuandika kwamba hawana pingamizi kijana aje kumuona mama yake, karatasi hiyo moja itakwenda mbali kuliko hoja zangu zote za Ibara ya 47. Kama hawako tayari, ombeni aje kwa ulinzi wa askari kwa saa chache badala ya siku 14, au ahamishiwe gereza lililo karibu na nyumbani ili angalau ninyi wengine mumfikie kwa urahisi.

Ikibidi mahakama, kuna njia mbili. Ya zamani ni ya Amri ya 53 ya Kanuni za Madai: unaomba kwanza kibali cha jaji, na kama unataka uamuzi ufutwe lazima uje ndani ya miezi sita tangu ulipofanywa. Yenu inahesabika tangu Januari, usiipoteze. Nyingine ni ombi la kikatiba chini ya Ibara ya 22, ambalo unaweza kulileta wewe kwa niaba yake ikiwa hawezi kulileta mwenyewe, na Katiba inasema kulifungua hakutozwi ada. Sasa hivi kesi huwasilishwa kwa mtandao, na masjala ya Mahakama Kuu hapa Malindi wanaweza kukuelekeza. Kwa hiyo hiyo 30,000 ya "kufungua" ni ya kufungua nini? Wakili halali atakutoza ada ya kazi yake, hilo ni haki, na atakupa risiti yenye jina la ofisi. Mtu asiye na ofisi, asiye na cheti cha mwaka huu, anayekutana nawe chini ya mwarobaini, akishapokea pesa humuoni tena mpaka Idi.

Kuhusu muda, nitakuambia ukweli usiopendeza. Hata kwa cheti cha dharura, Serikali itapewa nafasi ya kujibu, wakili wa Serikali ataomba siku zaidi, hukumu itaandikwa. Kipindi cha paroli ni miezi sita tu. Kesi inaweza kukimaliza chote, na kaka akatoka kwa tarehe yake ya kawaida kabla jaji hajasoma. Mahakama haitoi amri isiyo na kazi. Kwa hiyo mimi, kama ningekuwa wakili wenu, ningeipeleka mbele hesabu ya rumande leo, barua kwa Kamishna leo, na kesi ya mapitio ningeiweka tayari mkobani niitoe pale tu barua ikinyamaziwa na afya ya mama ikizidi kushuka.

Kuna hali ambazo hazifai kumalizwa kwa majibu ya kuandikiana. Ukikuta kwamba tarehe halisi ya kuachiliwa imeshapita na bado yuko ndani, hilo si suala la paroli tena. Ni kuzuiliwa bila sheria, na siku hiyo hiyo mtafute wakili aombe afikishwe mbele ya jaji. Ukisikia kaka ameanza kusumbuliwa kwa sababu ya kuandika barua, nenda kwa wakili ana kwa ana, na mwambie kaka aseme mahakimu au majaji wanapozuru gereza. Kama hamna uwezo, kuna Huduma ya Kitaifa ya Msaada wa Kisheria iliyoundwa kwa sheria ya 2016, na mashirika kama Kituo cha Sheria yamewafunza wafungwa wenyewe kuwa wasaidizi wa kisheria. Muulize kaka, huenda yuko mmoja bweni la jirani anayejua kifungu cha 333 kuliko mawakili wengine wa mjini.

Ukienda kumtembelea, muombe ofisa wa kumbukumbu awasomee hati ya kifungo, nawe uandike tarehe uliyosomewa. Ikiwa ni Februari 2021 peke yake, bila kutajwa rumande popote, niandikie siku hiyo hiyo ukiambatanisha nakala ya hukumu, usingoje jibu la Kamishna.